Uyoga Mdogo Uliosalia Buha

Novemba 1871, mvua zikiwa zimeanza, Henry Morton Stanley alikuwa akikatiza na msafara wake kusini mwa Buha, nchi ya Waha katika mkoa wa leo wa Kigoma, Tanzania, akielekea Ujiji kumtafuta David Livingstone. Buha haikuwa pori lisilo na mwenyewe. Wakuu wa huko walimtoza hongo ya vitambaa. Akalipa kwa mmoja, akalipa kwa mwingine, kisha akaambiwa kwamba mbele yake wapo wengine wanaongoja. Akaamua kukwepa. Alitafuta mtu wa kumwonyesha njia, akawatoa watu wake usiku, wakapita porini kimya kimya mbali na vijiji mpaka wakaivuka nchi ya Waha. Mwaka uliofuata alichapisha kitabu, na katika kitabu hicho Buha imesimuliwa kama kikwazo ambacho msafiri hodari alikishinda.

Mwaka huohuo wa 1871, huko London, jarida la Linnean Society lilitoa orodha ndefu ya kuvu za Ceylon, kisiwa ambacho leo ni Sri Lanka. Waandishi walikuwa wawili: mchungaji Miles Joseph Berkeley, aliyejipatia sifa kwa kuchunguza ugonjwa ulioangamiza viazi vya Ireland, na mwenzake Christopher Edmund Broome. Vielelezo vyao vilitoka Peradeniya, kwenye bustani ya mimea iliyosimamiwa na George Thwaites. Ndani ya orodha hiyo umo uyoga mmoja mdogo sana, mweupe, waliouita Agaricus microcarpus.

Ni uyoga uleule unaoota Kasulu na Kibondo, wilaya za Buha. Umeenea Afrika ya tropiki na kusini mwa Asia, na kabla ya jina hilo kuandikwa ulikuwa umeshapikwa na kuliwa kwa vizazi visivyo na idadi pande zote mbili za Bahari ya Hindi. Kitabuni uliingia kwa mlango wa Asia kwa sababu bustani ya wakoloni ilikuwa Peradeniya na haikuwa Heru, huku Buha. Naliweka jambo hili mwanzoni ili msomaji asidhani kwamba historia ya uyoga huu ilianza siku ulipopewa jina la Kilatini.

Kofia yake haizidi kifungo cha koti: kwa kawaida upana wake ni kati ya nusu sentimita na sentimita 2.5. Katikati pana ncha ndogo iliyochongoka, yenye rangi iliyokoza kidogo kuliko ukingo. Shina ni jembamba, lenye nyuzinyuzi, na nyama yake ni nyepesi kiasi kwamba ukiubana vibaya unasambaratika vidoleni. Mmoja hautoshi hata kuonja. Lakini huwezi kuukuta mmoja, kwani huchipuka kwa mamia, mara nyingine kwa maelfu, katika kipande cha ardhi ambacho siku iliyotangulia kilikuwa kitupu. Jua likishapanda, ule uliokomaa unaanza kunywea, na baada ya siku chache mahali pale hapana kitu tena. Anayeuhitaji huamka mapema, huuchuma kwa viganja, huondoa mchanga kwa maji mengi, kisha huutia chunguni. Kigoma ni mkoa wa mawese na karanga, na vyote viwili vinapatana na uyoga. Unaliwa kwa ugali wa muhogo.

Shamba la uyoga huu halilimwi na binadamu. Linalimwa na mchwa, na kilimo chao ni cha kale kuliko chetu kwa kipimo ambacho akili inapata shida kukishika. Mwaka 2016, kundi la wataalamu wa miamba na viumbe wakiongozwa na Eric Roberts lilieleza masalia ya vichuguu yaliyogeuka mawe katika bonde la ufa la Rukwa, kusini-magharibi mwa Tanzania. Ndani ya masalia hayo mlikuwa na masega ya kuvu yaliyohifadhika mahali pake, yenye umri wa miaka milioni 25 hivi. Bonde hilo ni sehemu ya ufa uleule wa magharibi unaobeba Ziwa Tanganyika. Ni ushahidi wa kale kuliko wote wa kilimo cha mchwa uliowahi kupatikana katika mawe, na umepatikana kwetu.

Kilimo chenyewe kinakwenda hivi. Mchwa wafanyakazi hukusanya nyasi kavu, majani yaliyoanguka na vipande vya miti. Huvila, na mavi yao, ambayo bado yamejaa vipande vya mmea visivyosagika, huyapanga chini ya ardhi yakawa sega lenye mashimo na mikunjo. Kuvu huota ndani ya sega hilo, huvunjavunja sehemu ngumu za mmea ambazo matumbo ya mchwa peke yake hayaziwezi, na hutoa vidonge vidogo vyeupe ambavyo mchwa hula. Sega likizeeka nalo huliwa. Mchwa hawa hawawezi kuishi bila kuvu, na kuvu haiwezi kuishi bila mchwa.

Aina nyingi za uyoga wa mchwa huchomoza kutoka sega lililoko chini kabisa, hivyo zina mzizi mrefu unaopenya udongo wa kichuguu mpaka juu. Baadhi ni kubwa mno. Ule unaoitwa Termitomyces titanicus, ulioelezwa kutoka Zambia mwaka 1980, kofia yake inaweza kufikia mita moja. Huu mdogo wetu hauna mzizi huo. Mchwa wenyewe, hasa wale wa jenasi ya Odontotermes, ndio wanaobeba vipande vya sega na kuvitandaza juu ya ardhi, na uyoga huchipuka kutoka vipande hivyo. Ndiyo maana huonekana kama umemwagwa. Wengi wa mchwa hawa hawajengi kichuguu kirefu kinachoonekana kwa mbali. Makao yao yako chini, pengine chini ya uwanja wa shule, kando ya njia, au mita chache kutoka jikoni, na sifa hiyo ndiyo iliyouokoa uyoga huu katika historia ya Buha, kama tutakavyoona.

Kuna sababu ya mchwa kujihangaisha kuutoa nje. Mvua za kwanza zinapopiga, kumbikumbi huruka, hupoteza mabawa, na kila jozi huanza makao mapya chini ya ardhi. Katika jenasi nyingi za mchwa wakulima, jozi hiyo haibebi mbegu ya kuvu kutoka nyumbani kwa wazazi. Watoto wao wa kwanza, miezi michache baadaye, hutoka kutafuta majani makavu, na pamoja na majani hurudi na mbegu za uyoga zilizotua juu yake. Uyoga usipoota wakati huo, makao mapya yanakosa shamba. Kwa hiyo kile ambacho mama wa Kasulu anakichuma asubuhi ni mbegu za mwaka mmoja tu kati ya miaka mamilioni ambayo mchwa na kuvu wamekuwa wakitafutana upya kila msimu.

Wataalamu wa Ulaya walichukua muda mrefu kuuelewa uhusiano huu. Johann Gerhard König, mwanafunzi wa Linnaeus aliyefanya kazi kusini mwa India, aliandika habari za mchwa na vitu vyeupe vilivyomo kwenye masega yao mwaka 1779. Karibu miaka mia na thelathini baadaye, mwaka 1906, Tom Petch wa Peradeniya alichapisha uchunguzi wa kina wa kuvu za vichuguu. Jina la sasa la jenasi ya uyoga huu wa mchwa, Termitomyces, lilitolewa mwaka 1942 na Mfaransa Roger Heim, aliyekuwa amezichunguza kuvu za Afrika. Paris wakati huo ilikuwa chini ya jeshi la Ujerumani. Heim aliingia katika upinzani, akakamatwa, akapelekwa kambi ya Buchenwald na baadaye Mauthausen. Alinusurika, na kuanzia 1951 aliongoza makumbusho ya taifa ya historia ya viumbe huko Paris. Huu mdogo ulimsumbua. Kwa kuwa hauna mzizi mrefu kama wenzake, aliutenga katika kundi lake peke yake ndani ya jenasi, na wapo waliotaka kuutoa kabisa.

Waganda hawakuwa wamewangoja wataalamu hao. Miongoni mwa koo za Buganda upo ukoo wa Butiko, ambao mwiko wake mkuu ni uyoga, na uyoga huu mdogo Waganda wanauita obubaala. Watu hawachagui kitu kisicho na maana kiwe alama ya ukoo.

Turudi Buha. Kabla ya Wajerumani, nchi hii ya vilima ilikuwa na tawala kadhaa: Heru upande wa Kasulu, Muhambwe upande wa Kibondo, Buyungu ambayo leo ni Kakonko, na nyingine za kusini na za kando ya ziwa. Mwami, yaani mtawala, alikuwa na ng'ombe, ngoma zake na watware, wakuu waliokuwa chini yake. Lakini ardhi yenyewe ilikuwa na watu wake wa zamani zaidi, bateko, waliogawa mahali pa kulima na kusimamia mambo ya rutuba na mvua. Watu waliishi wametawanyika, kila kaya na kilima chake, mashamba ya mtama, ulezi na maharage yakiizunguka, na msitu wa miombo ukiwa si mbali. Katika maisha ya namna hiyo, kujua uyoga ni kujua mahali. Jina na umbo havitoshi. Lazima ujue kwamba kando ya njia ile nyembamba hutoka baada ya mvua ya tatu, kwamba kwenye uwanda ule hutoka kila mwaka, kwamba kwenye kichuguu kile hutoka ule mkubwa. Elimu hii, kama ilivyo kote katika ukanda wa miombo, imeshikwa zaidi na wanawake na watoto, na hufunzwa kwa kutembea.

Karne ya ishirini ilikuja na jambo moja lililojirudia Buha mara tatu: watu kukusanywa. Kila mara sababu ilikuwa nyingine, na kila mara elimu hii ya mahali ilikatwa.

Mara ya kwanza ilikuwa malale. Wabelgiji waliishika Kigoma na Buha kuanzia 1916 mpaka Waingereza walipokabidhiwa mwaka 1921, na Waingereza walikuta mbung'o wakisonga mbele na ugonjwa ukiua. Daktari George Maclean alianzisha katika miaka ya 1920 mpango wa kuwahamisha watu kutoka makazi yaliyotawanyika msituni na kuwaweka katika makazi makubwa yaliyofyekwa, ambako mbung'o hawakai. Mpango huo ulifika Kibondo na Kasulu katika miaka ya 1930. Kwa afya ulikuwa na mantiki yake, na sitaki kuubeza: malale huua, na dawa za wakati ule zilikuwa kali na haba. Lakini nchi kubwa mashariki mwa vilima, kuelekea bonde la Muyovosi na Malagarasi, ilibaki bila watu. Miombo ilifunga. Mapori ya akiba ya leo yamesimama juu ya ardhi ambayo sehemu yake iliwahi kuwa na wenyewe.

Hapo uyoga uligawanyika katika hatima mbili. Uyoga mwingi unaopendwa wa miombo, ule wa rangi ya machungwa na manjano wa jenasi ya Cantharellus, na mwingine mwingi mkubwa wa msituni, huishi kwa kushikamana na mizizi ya miti hai: miyombo, mitundu, mikusu. Mti ukikatwa, nao unatoweka. Watu wakiondolewa msituni, wanaachana nao. Huu mdogo wa mchwa hauhitaji mti fulani. Unahitaji mchwa, na mchwa wa Odontotermes wanakaa vizuri kwenye ardhi iliyofyekwa, kwenye mabua ya mahindi, kwenye majani ya kuezekea, uani kwa mtu. Watu wa makazi mapya waliupoteza ule wa msitu kwa kiasi kikubwa. Huu ulikuwa umeshafika huko kabla yao.

Katikati ya hayo kulikuwa na uhamaji mwingine, wa wanaume. Serikali ya kikoloni haikuleta zao kubwa la biashara Buha kama ilivyofanya Kilimanjaro au Bukoba, ilileta waajiri. Waha wakawa manamba wa mashamba ya mkonge ya Tanga na Morogoro, na kuanzia 1944 shirika la wenye mashamba lililojulikana kama SILABU liliwakusanya kwa utaratibu na kuwasafirisha kwa treni ya reli ya kati. Mume akiwa Tanga kwa mwaka na zaidi, mke alibaki na jembe, watoto na kipindi kigumu cha Desemba na Januari, wakati ghala limekwisha na maharage mapya hayajakauka. Hicho ndicho kipindi ambacho ardhi ya Buha hutoa vya bure: kumbikumbi, majani ya porini, na uyoga.

Mara ya pili ilikuwa baada ya uhuru. Mwaka 1972 Operesheni Kigoma ilianza, miongoni mwa operesheni za kwanza kabisa za kuwahamishia watu katika vijiji nchini, ikitanguliwa na ile ya Dodoma. Watu waliteremshwa kutoka vilimani wakajenga kando ya barabara, nyumba zikiwa zimepangwa mstari. Shule ilikaribia, zahanati ikakaribia, na vijiji vingi vinavyojulikana leo Kasulu na Kibondo vilipata sura yake wakati huo. Mashamba ya zamani na vichuguu vya zamani vilibaki mlimani. Mtoto aliyezaliwa kijijini miaka ya 1970 alijifunza uyoga wa uani na wa kando ya barabara kabla ya ule wa msitu, na huo wa uani ulikuwa huu mdogo.

Mwaka huohuo wa 1972 mauaji makubwa yalitokea Burundi, na makumi ya maelfu ya Warundi wakavuka mpaka. Wengi walipelekwa mbali, katika makazi ya Ulyankulu, Katumba, na baadaye Mishamo. Lakini mpaka wa Burundi na Buha ni mpaka wa ramani tu. Kiha na Kirundi husikilizana, vilima ni vilevile, na mvua ni ileile. Wengine walipokelewa vijijini bila kuandikwa popote.

Mara ya tatu ndiyo iliyokuwa kubwa kuliko zote. Tarehe 21 Oktoba 1993, Rais Melchior Ndadaye wa Burundi aliuawa na wanajeshi, na vita vilivyofuata vilimimina mamia ya maelfu ya watu kuingia Tanzania. Mwaka 1996 vita vya Zaire vikaleta Wakongo, wengi wakitokea Kivu ya Kusini kupitia ziwani. Kibondo na Kasulu zikawa wilaya za makambi: Kanembwa, Mtendeli, Nduta, Karago na Mkugwa upande wa Kibondo kwa nyakati tofauti, Mtabila, Muyovosi na Nyarugusu upande wa Kasulu. Mwishoni mwa 1997 jeshi liliwakusanya pia Warundi waliokuwa wakiishi vijijini, hata wale waliokuwa na miaka mingi, likawaingiza kambini. Kufikia mwaka 2000 Tanzania ilikuwa na wakimbizi zaidi ya nusu milioni. Sheria ya Wakimbizi ya 1998 ilibana nyendo zao, na utaratibu uliojulikana na wote ulikuwa kutokwenda zaidi ya kilometa 4 kutoka kambini bila kibali.

Sasa fikiria mduara wa kilometa 4. Ndani yake kuna watu makumi ya maelfu wanaopika kila siku kwa kuni, wanaotafuta nyasi za kuezekea, miti ya kujengea, majani ya mboga, uyoga. Mgao wa Mpango wa Chakula Duniani ulikuwa unga, maharage au mbaazi, mafuta na chumvi: chakula cha kumfanya mtu asife, kisicho na kitoweo. Miti ndani ya mduara ilikwisha. Pamoja na miti ukaondoka uyoga wa miombo. Wanawake walikwenda mbali zaidi kutafuta kuni, na huko baadhi yao walishambuliwa na kubakwa. Ripoti ya Human Rights Watch ya mwaka 2000 imeyaandika mateso ya wanawake wa makambi ya Tanzania kwa sauti zao wenyewe. Ni lazima hili lisemwe katika historia ya uyoga, kwa sababu uyoga na kuni viko njia moja, na anayevifuata ni mtu mmoja.

Mchwa waliokuwa chini ya makambi hawakuondoka. Ardhi iliyokanyagwa, miti ya vibanda iliyooza kwa ncha, nyasi kuukuu za paa, yote hayo ni chakula chao. Hivyo huu mdogo uliendelea kutoka katikati ya watu waliokuwa wakiutambua: Mrundi wa Ruyigi aliujua, Mbembe wa Fizi, Kongo, aliujua, Mha wa Makere aliujua, kila mmoja kwa jina la kwao. Sidhani kama upo uyoga mwingine ambao watu wote watatu wangeuinamia bila kuulizana.

Kuulizana ni jambo la maana, kwa kuwa uyoga huua. Mtu aliyehama anabeba macho ya kwao. Uyoga aliozoea kuula kilimani kwao unaweza kuwa na mfano wake wenye sumu mahali alipofika, na sumu ya jamii ya Amanita haiondoki kwa kupikwa. Dalili zake hukawia saa nyingi, zinaweza kutulia kana kwamba mgonjwa amepona, kisha ini linaharibika. Uyoga wa mchwa una kinga moja kubwa: mahali pake panajulikana na namna yake ya kutoka, kwa maelfu juu ya vipande vya sega, ni vigumu kuiga. Hata hivyo mama mwenye busara hukagua kila konzi, kwa kuwa kati ya mamia meupe, mmoja mgeni unaweza kujificha.

Katika miaka hiyohiyo ya vita, vitabu vya uyoga wa ukanda huu viliandikwa kwa mara ya kwanza kwa uzito unaostahili. Mwaka 1994 Mbelgiji Bart Buyck alichapisha Brussels kitabu kiitwacho Ubwoba, juu ya uyoga unaoliwa magharibi mwa Burundi. Warundi wengi wenye elimu hiyo walikuwa wakati ule wamelala chini ya maturubai Kibondo na Kasulu. Kwa upande wa Tanzania kazi kubwa ilifanywa na Marja Härkönen wa Chuo Kikuu cha Helsinki pamoja na Leonard Mwasumbi, mtaalamu wa mimea wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Walizunguka mikoani, wakawauliza wanavijiji wanakula nini na wanaita nini, wakachapisha kitabu cha uyoga unaoliwa mwaka 1995, na kikubwa zaidi mwaka 2003, wakishirikiana na Tuomo Niemelä. Nakiheshimu kitabu hicho kwa jambo moja: kinampa mwanakijiji nafasi ya mtaalamu. Aina mpya ya Amanita imepewa jina la Härkönen. Baada yao Donatha Tibuhwa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ameendelea na uyoga wa mchwa na ule wa miombo, na elimu hii ina mwalimu wa nyumbani anayeifundisha darasani.

Amani ya Burundi iliporudi kwa kiasi, makambi yalianza kufungwa moja baada ya jingine. Mtabila ilifungwa mwishoni mwa 2012, na wakazi wake wakarudishwa, wengi bila kupenda. Watu wakadhani sura hiyo imekwisha. Aprili 2015, Rais Pierre Nkurunziza alipotangazwa kugombea muhula wa tatu, Warundi walianza kuvuka tena. Mei hiyo kijiji kidogo cha Kagunga, ufukweni mwa Ziwa Tanganyika, kilifurika watu na kipindupindu, na meli ya kale ya Liemba ikawachukua kwa zamu kuwapeleka Kigoma mjini. Nyarugusu ilipita watu 150,000. Nduta ilifunguliwa tena Oktoba 2015, Mtendeli Januari 2016. Miti iliyokuwa imeanza kurudi kwa miaka kadhaa ilikatwa tena. Mgao wa chakula ulipunguzwa mwaka 2017, na tena 2023.

Mtendeli ilifungwa mara nyingine mwaka 2021. Kwenye ardhi ya kambi iliyofungwa, kinachorudi kwanza ni nyasi, kisha vichaka, kisha machipukizi ya miombo kutoka mizizi iliyobaki hai. Uyoga wa mizizi ya miti hungoja miti hiyo ikue. Wa mchwa haungoji.

Hatari inayoukabili sasa ni ya namna nyingine, na kwangu ni kubwa kuliko kambi. Nyumba za miti na udongo Kasulu zinabadilika kuwa za matofali ya kuchoma, na udongo mzuri wa matofali ni wa kichuguu. Vichuguu vinachimbwa mpaka chini. Wakulima wa mahindi wananunua sumu ya kuua mchwa dukani, na wana haki ya kulinda shamba, lakini sumu haichagui mchwa anayekata hindi na yule anayeokota jani lililokwisha kufa. Hakuna mtu aliyefanikiwa mpaka leo kuuotesha uyoga huu kwa biashara bila mchwa, kama unavyooteshwa mijini uyoga wa mamama kwenye mifuko ya pumba. Mchwa wakiondoka, hakuna mbegu ya kununua.

Kuanzia Septemba 2017 Warundi wamekuwa wakirudishwa kwao kwa mabasi na malori, kupitia vituo vya mpakani, kuelekea Ruyigi, Cankuzo, Rutana na Makamba. Wengi wa watoto walio ndani ya magari hayo wamezaliwa Nduta au Nyarugusu. Vilima wanavyokwenda hawavijui, wala hawajui njia ya kisima wala mpaka wa shamba la babu, na kwa miezi ya mwanzo watategemea mgao na jirani. Mvua zikishakolea, mchwa wa Ruyigi nao hutandaza masega yao juu ya ardhi, na kazi ya kuamka mapema kuuchuma uyoga ni moja ya chache ambazo watoto hao watazikuta ni zilezile walizozifanya Tanzania.